Je, wajua kwa nini Jim Sullivan hakuichezea timu ya Wales ya wachezaji 15?

Jim Sullivan alizaliwa Cardiff tarehe 2 Desemba 1903 na akafunga pointi 6,022 katika maisha yake ya raga. Akiwa na miaka 17 alikuwa ameshaichezea klabu ya Cardiff na pia Barbarians, timu ya mwaliko ambayo haikualika mtu ovyo. Hata hivyo, ukipekua orodha ya waliowahi kuichezea Wales katika raga ya wachezaji 15, jina lake hulikuti.

Wengi hujibu haraka: alienda kucheza kwa pesa, na raga ya wachezaji 15 ilikuwa ya ridhaa. Jibu hilo ni sahihi nusu tu, na nusu inayokosekana ndiyo yenye mambo.

Tarehe 29 Agosti 1895, katika hoteli ya George mjini Huddersfield, klabu za kaskazini mwa Uingereza zilijitenga na chama cha raga. Zilitaka kuwafidia wachezaji, wengi wao vibarua wa migodini na viwandani, ujira walioukosa Jumamosi za mechi. Kilichoombwa ni shilingi 6. Baadaye waliojitenga walibadili na mchezo wenyewe. Kufikia 1906 kila upande ulikuwa na watu 13.

Sasa tuje kwenye kosa lenyewe. Watu hudhani adhabu ilifungwa kwenye malipo: ukilipwa unatoka, ukiacha kulipwa unarudi. Haikuwa hivyo. Mchezaji aliyeshuka uwanjani kwa raga ya watu 13 alipigwa marufuku maisha, awe amelipwa au hakulipwa hata senti. Hata mechi moja ya majaribio ilitosha. Chama kiliiona raga ile kama tone la mafuta ya taa kwenye mtungi wa maji: likishaingia, hakuna anayeuliza lilinunuliwa au lilitolewa bure, mtungi mzima haunywewi. Ndiyo maana kijana wa Wales aliyekwenda kaskazini kujaribiwa aliandikwa kwenye karatasi ya timu kama "A. N. Other". Asiposajiliwa, angerudi kwao kimya kimya na kucheza Jumamosi inayofuata kana kwamba hakutoka nyumbani. Akijulikana, mlango umefungwa: hachezi, hafundishi timu, hashiki wadhifa katika klabu.

Kuna kichekesho hapa. Inasimuliwa kwamba klabu kadhaa za Wales za ridhaa nazo zilikuwa zikitia noti ndani ya viatu vya wachezaji wao. Ushahidi ni mwembamba, kwa kuwa malipo ya siri hayaandikwi vitabuni, ila simulizi ni nyingi mno kuzipuuza zote. Ikiwa ni kweli, aliyelipwa Wales kwa siri aliendelea kuchezea taifa, na aliyecheza bure huko Wigan, klabu ya watu 13 ya kaskazini mwa Uingereza, alifukuzwa.

Sullivan alisaini Wigan mwezi Juni 1921 kwa pauni 750. Mwezi huohuo wenye migodi walikuwa wamewafungia nje wachimbaji wa makaa ya mawe kote Wales kusini, na 750 ni fedha ambayo mchimbaji hakuipata kwa miaka kadhaa. Kubaki Wales na kulipwa hakukuwezekana. Klabu za watu 13 zilizoanzishwa huko zilikufa mapema, na Pontypridd, iliyojaribu tena mwaka 1926, ilivunjika 1927.

Alicheza nafasi ya beki wa nyuma kabisa, lakini mtaji wake ulikuwa mkwaju wa mpira uliotulia. Kazi hiyo wakati ule ilikuwa ngumu kuliko leo. Hakukuwa na kikalio cha plastiki cha kuusimamishia mpira. Mpigaji alichimba kishimo kwa kisigino, akausimamisha mpira humo, kamba zake zikielekea milingoti ili zisigusane na kiatu. Alikuja moja kwa moja na kupiga kwa ncha ya kiatu kigumu, chini kidogo ya katikati. Kishimo kikiwa kirefu mno, mguu unalima majani kabla ya kufika mpirani. Ncha ikipotoka kidogo tu, mpira unazunguka na kuyumba, maana eneo linalogusana ni dogo sana. Na mpira wa ngozi ulinyonya maji: mvua ya kaskazini ikinyesha, ulizidi kuwa mzito na mikwaju ya mbali ikaishia chini ya mtambaa wa panya.

Pamoja na hayo, alipachika mikwaju zaidi ya 100 katika kila msimu kuanzia 1921–22 hadi 1938–39, misimu 18 mfululizo. Tarehe 14 Februari 1925 Wigan waliifunga Flimby and Fothergill 116–0, na yeye peke yake akapachika mikwaju 22. Mkwaju ulikuwa pointi 2 na trai, yaani kuuweka mpira chini nyuma ya mstari wa goli la wapinzani, pointi 3; kila trai ilifuatwa na nafasi ya kupiga mkwaju mmoja. Mikwaju hiyo inaleta 44. Zilizobaki 72 ni trai 24. Kwa maneno mengine, baada ya trai 24 alikosa mara mbili tu, labda. Tunasema labda kwa sababu huenda baadhi ya mikwaju ilikuwa ya penalti. Jumla yake ya maisha, mikwaju 2,867 na trai 96, inatoa zile 6,022 barabara. Usiilinganishe na takwimu za raga ya watu 15, ambako penalti ilikuwa pointi 3.

Wala si kweli kwamba hakuichezea Wales kabisa. Aliichezea ile ya watu 13 mara 26, na mwaka 1932 aliongoza ziara ya Australia.

Marufuku ililegezwa wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Jeshini wachezaji wa pande zote mbili waliruhusiwa kucheza pamoja, na Gus Risman, mzaliwa mwingine wa Cardiff aliyesajiliwa na klabu ya watu 13 ya Salford mwaka 1929, akaichezea Wales ya wanajeshi. Januari 1943, katika uwanja wa Headingley mjini Leeds, watu wa raga ya 13 walicheza na wa raga ya 15 kwa sheria za raga ya 15, wakashinda 18–11. Aprili 1944 wakarudia mjini Bradford, 15–10. Vita vilipokwisha marufuku ilirudishwa, ikadumu hadi Agosti 1995.