Mwigizaji wa uhusika: mfano wa Kurt Gerron

Kila filamu ina staringi wake. Ndiye anayependwa, ndiye anayeokoa, na sura yake ndiyo inayojaza bango. Mwigizaji wa uhusika ni yule mwingine: mkuu wa polisi mla rushwa, mwenye nyumba mkali, wakili mjanja. Hatafutwi kwa uzuri. Anatafutwa kwa sababu akiingia tu mlangoni, kabla hata hajafungua kinywa, mtazamaji ameshajua huyu ni mtu wa namna gani. Tusimchanganye na wale wanaopita kwa nyuma kujaza umati. Huyu ana maneno yake ya kusema, na mara nyingi bila yeye kisa hakisogei.

Ujerumani ya miaka ya 1920 waigizaji hawa walitoka jukwaani. Kwa muda mrefu majumba ya tamthilia ya huko yaliajiri watu kwa mafungu: kijana shujaa, mzee wa kuchekesha, mfitini. Mtu aliweza kukaa katika fungu lake miaka mingi, akilinoa. Sinema ilipokua, waongozaji walichota humo humo, na Berlin ilirahisisha mambo: mchana mwigizaji anarekodi filamu studio, jioni anawahi jukwaani. Max Schreck, aliyevaa kucha ndefu na meno ya panya akawa mnyonya damu wa filamu ya Nosferatu mwaka 1922, alikuwa mtu wa jukwaa hasa. Wengi wanadhani aliigiza hiyo tu, ilhali ana filamu nyingine kadhaa ambazo hakuna anayezizungumzia. Ndivyo kazi yenyewe ilivyo.

Kwangu mimi, wa kumtazama zaidi ni Kurt Gerron. Alizaliwa Berlin mwaka 1897 katika familia ya Kiyahudi, akasomea udaktari, akajeruhiwa katika Vita vya Kwanza vya Dunia, kisha akaacha yote na kuingia kwenye uigizaji. Alikuwa pande la mtu, tumbo mbele, sauti nzito. Mwili wa namna hiyo haukupi nafasi ya kijana anayependwa na binti. Unakupa bosi, tapeli, bwana mkubwa. Agosti 1928, onyesho la kwanza la Opera ya Senti Tatu, tamthilia ya nyimbo ya Bertolt Brecht na Kurt Weill, jijini Berlin, yeye ndiye aliyekuwa mkuu wa polisi, na yeye huyo huyo ndiye aliyeimba ule wimbo wa jambazi Mackie Messer ambao baadaye ulizunguka dunia nzima.

Halafu ikaja filamu ya Malaika wa Buluu, mwaka 1930, sinema ya Ujerumani ikiwa ndiyo kwanza inaanza kutoa sauti. Mastaa ni Emil Jannings, aliye profesa, na Marlene Dietrich, mwimbaji anayeolewa na profesa huyo. Gerron ni Kiepert, mchezesha mazingaombwe na mkuu wa kikundi cha burudani. Siku ya harusi ya profesa, Kiepert anachomoa mayai kwenye pua ya bwana harusi, watu wanacheka, na profesa mwenyewe anawika kama jogoo kwa furaha. Miaka inapita, profesa kafilisika na kufanywa kichekesho cha jukwaani, tena katika mji ule ule aliokuwa akifundisha. Kiepert anarudia mchezo wake: yai linapasuliwa kichwani, profesa analazimishwa kuwika mbele ya watu waliokuwa wakimheshimu. Wengi humsifu Jannings kwa kilio kile, na anastahili. Lakini mtazame Gerron. Hana chuki yoyote. Yuko kazini, anataka onyesho liende na tiketi ziuzwe. Angecheza kama adui wa kawaida, ukatili ule ungepungua nusu.

Aprili 1933, Wanazi wakiwa wameshika nchi, Gerron alifukuzwa studio kwa kuwa Myahudi. Hapo ndipo udhaifu wa kazi hii unapoonekana. Mwigizaji wa uhusika anaishi kwa sauti yake, lafudhi yake, na watazamaji wanaozielewa. Ukimtoa kwenye lugha yake umemnyang'anya karibu zana zote. Gerron alipitia Paris na Vienna, akaishia Amsterdam, akafanya kazi alizoweza kupata hadi Wajerumani walipoiteka Uholanzi. Mwaka 1944, akiwa mfungwa katika kambi ya Theresienstadt, Wanazi walimlazimisha kuongoza filamu ya propaganda ya kuonyesha kwamba wafungwa wanaishi vizuri. Oktoba mwaka huo huo akapelekwa kambi ya maangamizi ya Auschwitz, akauawa.

Wenzake waliofika Marekani walikuta lafudhi yenyewe imegeuka kuwa fungu jipya: mgeni. Peter Lorre, muuaji wa watoto katika filamu ya M ya mwaka 1931, na S. Z. Sakall, Mhungaria aliyechekesha Wajerumani wengi kabla ya 1933, wote wamo ndani ya filamu ya Kimarekani ya Casablanca ya mwaka 1942. Mmoja ni mlanguzi wa hati za kusafiria, mwingine mhudumu wa mgahawa, na wote wawili wanazungumza Kiingereza chenye lafudhi ya kwao.