Heffelfinger: mchezaji wa kulipwa aliyelipwa mechi moja

Watu wengi wanadhani hela kwenye futiboli ya Kimarekani, ile ya kukumbatia mpira na kuangushana, ililetwa na NFL, ligi kuu ya kulipwa ya Marekani iliyoanza 1920. Sisi tunaofanya kazi ya historia ya michezo tunarudi nyuma zaidi, hadi mji wa Pittsburgh, Marekani, tarehe 12 Novemba 1892, na ushahidi wenyewe ni karatasi ya mhasibu.

Enzi hizo mchezo ulikuwa wa ridhaa, yaani ukibambwa umepokea pesa umekwisha, so vilabu vilikuwa vinalipa kimyakimya, nauli kidogo, posho kidogo, wengine wanapewa saa wanaenda kuiweka rehani. Sasa Allegheny Athletic Association walikuwa wanakutana na wapinzani wao wa mjini, Pittsburgh Athletic Club, wakamleta William Heffelfinger, maarufu kama Pudge, jitu la chuo kikuu cha Yale lililokuwa linacheza kwenye safu ya mbele, na Yale ya 1888 aliyokuwemo ilimaliza msimu imefunga pointi 698 bila kufungwa hata moja!

Wale wa Pittsburgh kumwona tu wakajua huyu ni mamluki, kama kwenye ndondo zetu mtu anaposhushwa na bodaboda dakika ya mwisho na jezi haimtoshi. Wakagoma, watu walikuwa wameshabeti ikabidi mikeka yote ifutwe, mabishano yakala muda mpaka mechi ikafupishwa. Halafu Heffelfinger akamvaa mpinzani, mpira ukachomoka, akauokota akakimbia nao mpaka mwisho wa uwanja. Hiyo ndiyo tachidauni, na siku hizo ilikuwa pointi 4 na ndio ikawa matokeo, 4-0.

Kuhusu malipo watu walibaki kunong'ona tu. Kwa miongo mingi heshima ya mchezaji wa kwanza kulipwa alikuwa nayo John Brallier, kijana aliyepewa dola 10 na timu ya Latrobe mwaka 1895. Mpaka ilipokuja kuonekana karatasi ya mapato na matumizi ya Allegheny, na humo kuna mstari umeandikwa bila aibu: Heffelfinger, kwa kucheza, taslimu, dola 500. Mstari mwingine nauli yake, dola 25. Chini kabisa faida, dola 621, kwahiyo klabu haikupata hasara hata kidogo. Mimi hapo huwa nacheka, maana siri waliificha kila mtu ila mweka hazina akaiandika kwa wino.

Wiki iliyofuata Allegheny wakamlipa mchezaji mwingine, Ben Donnelly, dola 250, wakafungwa 8-0.

Heffelfinger yeye akaenda zake kuwa kocha wa timu za vyuo, California 1893, Lehigh 1894, Minnesota 1895. Karatasi ipo kwenye makumbusho ya futiboli ya kulipwa pale Canton, Ohio, ila kwenye orodha ya mashujaa wa hapohapo Canton jina lake halimo, yumo kwenye ile ya vyuo tangu 1951.