Unataka kukata rufani? Anza na barua ya kuomba nakala

Wengi wanaofika kwenye dawati letu la msaada wa kisheria wana hoja nzuri za rufani. Wanachokosa ni karatasi. Ukimuuliza mtu aliomba nakala ya hukumu lini, anakwambia alizungumza na karani, akaambiwa asubiri kupigiwa simu. Anasubiri, na siku zinakatika.

Kuomba kwa mdomo hakukulindi. Andika barua siku hiyohiyo hukumu inaposomwa, au kesho yake, haihitaji wakili. Barua ya Mahakama Kuu inaelekezwa kwa Msajili, ya Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi kwa Hakimu Mfawidhi. Kichwa kiwe hivi: "YAH: MAOMBI YA NAKALA ZA HUKUMU, TUZO NA MWENENDO WA SHAURI", chini yake namba ya shauri, majina ya wadaawa na tarehe ya hukumu. Taja kila hati; mwenendo ni kumbukumbu ya yaliyosemwa na kufanyika mahakamani. Ukiomba hukumu peke yake, tuzo (dikrii, yaani amri rasmi inayotokana na hukumu) itabaki masijala, na rufani ya madai kwenda Mahakama Kuu huambatanishwa na zote mbili. Toa barua nakala tatu: ya mahakama, ya mpinzani wako kwenye kesi, na yako iliyogongwa mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Hiyo ya mwisho usiipoteze.

Kwa Tanzania Bara, rufani ya madai kutoka Mahakama ya Wilaya kwenda Mahakama Kuu ina siku 90, na Sheria ya Ukomo inazitoa kwenye hesabu siku ulizokuwa ukisubiri nakala. Kwenye jinai, notisi (taarifa ya maandishi kwamba unakusudia kukata rufani) ni ndani ya siku 10 na rufani siku 45, nazo siku za kusubiri hazihesabiwi. Kesi iliyoanzia Mahakama ya Mwanzo ni tofauti: una siku 30 kwenda Mahakama ya Wilaya, na sheria haikulazimishi kuambatanisha nakala ya hukumu. Inasikitisha kuona mtu amechelewa akisubiri kitu asichodaiwa.

Penye mtego zaidi ni Mahakama ya Rufani. Kwa shauri la madai, notisi huwasilishwa ndani ya siku 30 tangu uamuzi, na rufani ndani ya siku 60 tangu notisi. Siku za kusubiri mwenendo zitaondolewa tu ikiwa uliomba kwa maandishi ndani ya siku 30 za uamuzi na ukampelekea mjibu rufani nakala ya barua. Tangu marekebisho ya kanuni ya mwaka 2019, Msajili anatakiwa kuandaa nakala za mwenendo ndani ya siku 90. Siku hizo zikipita kimya, una siku 14 za kufuata nakala mwenyewe.

Hukumu nyingi zinasomeka bure TanzLII, tovuti ya hukumu na sheria za Tanzania, lakini chapisho la mtandaoni halina mhuri wa mahakama na haliwi nakala iliyothibitishwa.

Ukikabidhiwa nakala za kwenda Mahakama ya Rufani, omba pia cheti cha ucheleweshaji, kinachothibitisha siku ulizosubiri nakala, ukisome palepale dirishani: tarehe ya barua yako, tarehe uliyoarifiwa kuwa nakala ziko tayari, namba ya shauri. Rufani zimeshatupwa kwa cheti chenye tarehe zisizo sahihi. Ukiona kosa, kirudishe kwa Msajili kirekebishwe kabla hujawasilisha rufani.