"Hataki maisha"? Hebu muulizeni kwanza

Wiki iliyopita sentensi hii niliisikia mara nne, na ya nne ndiyo iliyonikalisha kuandika. Mama mmoja wa Makorora aliingia ofisini kwangu hapa Ngamiani, Tanga, ninakowashauri watu, mwanawe kamtanguliza mbele kama anayefikisha mtuhumiwa kituoni. Hata kiti hajakikalia, akasema: "Mwanangu, mimi nimechoka. Huyu hataki maisha."

Kijana ameitwa kwenye usaili mara tatu ndani ya mwaka mmoja. (Mambo mawili matatu nimeyabadili ili asitambulike, na mwenyewe ameridhia niandike.) Mara ya kwanza alisahau vyeti nyumbani. Ya pili aliambiwa saa mbili, akafika saa nne. Ya tatu alikesha barazani akicheza karata mpaka saa nane usiku, akaenda macho mekundu, akajibu ovyo. Kwa mama yake ushahidi umetimia: mvivu, hajitaki, anapenda kushindwa.

Nilimwomba mama atusubiri nje, nikamuuliza kijana swali moja tu. Ungelala mapema, ukaenda na vyeti vyote, ukajibu kila ulichoulizwa, halafu wakakukataa, ungesemaje? Alinyamaza kitambo. "Basi ningejua kuwa tatizo ni mimi, shangazi."

Kazi hiyo anaitaka mno, ndiyo maana anaogopa kupimwa nayo. Ule mkesha wa karata ulimpa kisingizio cha bei nafuu. Akikosa, watu watasema usingizi. Akipata, atasifiwa kuwa kapata bila hata kulala. Kwa hesabu za usiku ule, kote kote katoka salama, isipokuwa kazi yenyewe kaikosa.

Jambo hili limejaribiwa. Mwaka 1978 Steven Berglas na Edward Jones, wanasaikolojia wa Marekani, waliwapa wanafunzi wa chuo mtihani. Baadhi walipewa maswali yasiyo na jibu kabisa, kisha wakaambiwa wamefanya vizuri sana. Sasa jiweke pale: umebahatisha, umepongezwa, na unajua mtihani wa pili unakuja. Kabla ya huo wa pili wakaambiwa wachague kati ya dawa mbili, moja ya kuongeza uwezo wa akili na nyingine ya kuupunguza. Waliosifiwa kwa ushindi wasioelewa wameupataje ndio waliovutwa zaidi na ile ya kupunguza, hasa wanaume. Hakuna aliyekuwa amewashawishi wajiumize. Walikuwa wanalinda sifa waliyohisi si yao.

Na kwa wanaosisitiza kwamba wapo watu wanaotafuta hasara kwa makusudi: mwaka 1988 Roy Baumeister na Steven Scher walizipitia tafiti zilizokuwapo kuhusu watu wa kawaida wanaojiharibia. Ushahidi wa mtu kuitaka hasara yenyewe hawakuuona. Walichokikuta ni watu wanaochukua nafuu ya leo na kuilipia kesho, na watu wanaoshikilia njia mbovu wakidhani itawafikisha.

Habari ya uvivu ndiyo inayonikera kupita kiasi. Ninaye mteja, fundi cherehani, anayepokea oda za sare za harusi mwezi mzima kabla, vitambaa vikakaa kwenye mfuko mpaka zimebaki siku mbili. Hapo anakesha usiku wote wa kwanza na wa pili, mguu haubanduki kwenye cherehani. Mvivu gani huyo? Mteja akilalamikia pindo, jibu lake liko tayari: nilishona kwa haraka. Angeshona kwa mwezi mzima, pindo lile lingekuwa ndilo kipimo cha ufundi wake. Waume na mama zetu wanaona siku ishirini na nane za kukaa, hawaoni hofu iliyojaa kwenye siku hizo.

Kuna wanaoniambia mtu wao amefungwa nyota. Imani ya mtu sibishani nayo, tuko Tanga na nimezaliwa hapa hapa. Huwa nauliza tu: hii nyota hufungwa saa ngapi? Mbona haifungwi akienda kwenye mechi, akienda arusini, akienda kuvua? Mbona hufungwa usiku wa kuamkia usaili, na siku ya kurudisha mkopo wa kikoba? Ikiwa inafuata kalenda namna hiyo, basi na tuikague kalenda kwanza, kisha hayo mengine.

Kusimanga nako kuna mashabiki wengi. "Bila kumsema hatajirekebisha." Mwaka 2010 watafiti wa Chuo Kikuu cha Carleton, Kanada, waliwafuatilia wanafunzi walioahirisha kujisomea kabla ya mtihani wa kwanza. Waliojisamehe kwa kosa hilo walipunguza kuahirisha kabla ya mtihani uliofuata. Ni jambo jepesi kulielewa: kazi ikishafungamana na aibu, kila ukiikaribia unaikaribia na aibu yake, kwa hiyo unaikimbia. Mama anayemsema mwanawe kila asubuhi anaongeza uzito kwenye mzigo uliokwisha kumwelemea.

Wapo pia wanaodai tabia hubadilika kwa siku 21. Hapana. Watafiti wa University College London walichapisha mwaka 2010 kwamba tabia mpya ilichukua kuanzia siku 18 mpaka 254 kuzoeleka, wastani ukiwa kama siku 66. Aliyekuuzia semina ya siku 21 kakuuzia pia sababu ya kujiona umeshindwa ifikapo siku ya 22.

Wengine huuliza kama ni ugonjwa. Mwaka 1987 madaktari wa akili wa Marekani waliiweka tabia ya kujikwamisha kwenye kiambatisho cha mwongozo wao kama hali ya kuchunguzwa, na toleo la 1994 likaiondoa. Ila mtu asiyelala wiki nzima, asiyekula, anayesema heri afe, huyo msimlete kwangu kwa mazungumzo. Mpelekeni Bombo au hospitali iliyo karibu, leo leo.

Dawa yangu mimi ni daftari la mia tano, na wateja wangu wameshachoka kunisikia. Kisingizio cha kesho kiandike leo. Kabla ya jambo kubwa, andika kwa mkono wako utakachosema ukikosa: nilichelewa, sikulala, simu iliisha chaji. Ukishakiona kwenye karatasi kinapungua nguvu, kwa sababu umekigundua kabla hakijafanya kazi. Chini yake andika mpango wenye saa na mahali: "Wakinipitia barazani saa tatu usiku, nitawaambia naenda kulala, nitaingia ndani." Peter Gollwitzer, mwanasaikolojia wa Kijerumani, ametumia miaka mingi kuchunguza mipango ya namna hii, ya likitokea hili nitafanya lile, na inashinda kwa mbali kusema tu "safari hii nitajitahidi". Neno kujitahidi nimelipiga marufuku ofisini.

Yule kijana aliandika visingizio saba. Cha saba kilikuwa "mama aliniudhi asubuhi", nikamwambia hicho akikunje, asimwonyeshe mtu.

Usaili wa nne alifika saa moja na robo, vyeti mkononi, kalala usiku kucha. Hawakumchukua. Mama yake akanipigia kunilaumu, nami nikamsikiliza mpaka mwisho. Jioni kijana naye akapiga. Alisema hii imeuma kuliko zile tatu zote kwa pamoja. Kisha akauliza kama ninayo nafasi Alhamisi, maana kuna tangazo la kazi ameliona Korogwe na barua ya maombi ameshaanza kuiandika.