Milanese si jina la nyama

Kwenye kipaimara cha mtoto wa rafiki yangu hapa Moshi, sahani iliyokwisha mapema kuliko zote ilikuwa ya nguruwe: steki nyembamba zilizovishwa chenga za mkate, zikakaangwa mpaka rangi ya dhahabu, na vipande vya ndimu pembeni. Mama mdogo wangu, aliyepikia watu maisha yake yote, alitafuna kipande akauliza, "Hizi katlesi za nguruwe kazipika nani?" Kijana aliyekuwa anapakua akamjibu kwa adabu lakini bila kusita: "Siyo katlesi, mama. Hii ni milanese." Mama mdogo akaomba radhi.

Hiyo radhi ndiyo iliyonikalisha chini kuandika. Kati ya wawili wale, aliyekuwa karibu zaidi na ukweli ni mama mdogo. Tena si mara ya kwanza. Nimeshapakuliwa "milanese" ya kuku aliyechovywa kwenye rojo la unga kama bajia, na nimeshasikia mtu akisema buchani, "Nipimie nusu kilo ya milanese."

Maana yenyewe haina urefu. Cotoletta, kwa Kiitaliano cha leo, ni kipande bapa cha nyama kilichochovywa kwenye yai, kikabanwa kwenye chenga za mkate na kukaangwa. Alla milanese ni "kwa namna ya watu wa Milano". Ikiwa nyama ni ya nguruwe, Waitaliano husema cotoletta di maiale. Kazi iko kwenye asili ya maneno haya, maana humo ndimo watu wanamopotea.

Tuanze na cotoletta. Kilatini kilikuwa na neno costa, yaani ubavu. Wafaransa walilirithi, na kwa karne nyingi wakalitamka bila kuisikilizisha ile s, mwishowe wakaiondoa hata kwenye maandishi na kuweka kikofia juu ya herufi o kama alama ya kaburi lake: côte. Ubavu mdogo, ule unaokatwa pamoja na mnofu wake, wakauita côtelette. Neno hilo likavuka milima likaingia Italia likiwa tayari limeshapoteza s, nalo likawa cotoletta. Waitaliano wenyewe walikuwa na lao la nyumbani ambalo s yake haikuguswa, costoletta, na mpaka leo wapo wapishi wa Milano wanaosisitiza kuandika hivyo kila nyama inapokuja na mfupa wake. Kwao tofauti ya herufi moja ni tofauti ya mfupa.

Waingereza nao walichukua neno lilelile la Kifaransa wakaliandika cutlet. Wengi hudhani limetokana na kitenzi chao cha kukata. Halikutokana nacho, ni ubavu uleule. Waingereza wakaenda nalo India, na huko wapishi wakaliacha jina wakabadilisha kitu: nyama ikasagwa, ikachanganywa na viazi na viungo, ikafinyangwa, ikachovywa kwenye yai na kukaangwa. Anayejua katlesi za Unguja na Mombasa anajua ninachokisema. Sisi tulilichukua neno katika wingi wake wa Kiingereza, s ikiwa mkiani, kama tulivyofanya kwa chipsi na soksi. Kwa hiyo s iliyopotea Ufaransa haikurudi, lakini katlesi ilijipatia nyingine Uingereza.

Wala si sisi peke yetu tulioliacha jina lifunike nyama ya kusaga. Warusi husema kotleta wakimaanisha donge la nyama iliyosagwa, na kwao pia neno lilianza na ubavu wa Kifaransa. Wapolandi wana kotlet schabowy, nayo ni nyama ya mgongo wa nguruwe iliyopigwa na kuvishwa chenga, ndugu wa damu wa ile ya kipaimara. Wajapani walilitamka katsuretsu, wakalikata likabaki katsu, wakalitangulizia ton, yaani nguruwe, na ndiyo tonkatsu inayojulikana dunia nzima. Mama mdogo aliposema "katlesi za nguruwe" alikuwa amesema tonkatsu kwa Kiswahili, bila kuwahi kuiona Japani.

Sasa milanese, na hapa ndipo ninapoumia zaidi.

Alla ni kifupisho cha alla maniera, "kwa namna ya". Sisi kazi hiyo tumeipa silabi moja: ki. Mtu anatembea kijeshi, analia kitoto, anavaa Kihindi, anakula Kizungu. Hakuna anayesema "nimenunua kilo mbili za kijeshi". Alla milanese ni Kimilano, basi. Linaeleza jinsi kitu kilivyofanywa, halikitaji kitu chenyewe. Ushahidi uko kwenye meza za Milano: kuna risotto alla milanese, wali laini wa manjano uliotiwa zafarani, usio na hata punje moja ya chenga za mkate. Kuna ossobuco alla milanese, muundi wa ndama uliopikwa polepole na uboho wake ndani. Vyote ni vya Kimilano, na hakuna hata kimoja kilichokaangwa kwa chenga. Kama milanese lingekuwa jina la nyama ya chenga, wali ule ungeitwaje?

Nakubali kwamba hata Waitaliano, wakiwa mkahawani, hufupisha na kuagiza una milanese. Na Argentina, nchi iliyopokea wahamiaji wengi mno kutoka Italia, milanesa limeshakuwa nomino kamili. Hata nyama yenyewe mbichi huuzwa kwa jina hilo, tayari kwa kukaangwa. Sina ugomvi na Waargentina, wamelilea neno kwa zaidi ya karne moja na ni lao. Lakini wao hawamsahihishi mama wa watu kwamba wanakula chakula cha Milano. Kile wanachokiita milanesa a la napolitana, chenye sosi ya nyanya na jibini juu, hakikutoka Napoli hata kidogo. Kilizaliwa Buenos Aires.

Milano wenyewe ni wakali. Kwao costoletta alla milanese ni ya ndama, ubavu mzima na mfupa wake, nyama nene kama mfupa ulivyo, imekaangwa kwenye siagi. Mwaka 2008 utawala wa jiji uliitambua rasmi kuwa chakula cha mji. Wanaoipenda, wakati wa kuitetea, huitaja karatasi ya mwaka 1134, orodha ya chakula cha mchana cha mapadri wa Sant'Ambrogio, kanisa la Milano, aliyoinukuu mwanahistoria Pietro Verri katika karne ya 18. Kwenye awamu ya tatu ya mlo ule kulikuwa na lombolos cum panitio, minofu ya kiunoni pamoja na mkate au chenga zake. Mimi nimeisoma orodha ile nikaona jambo ambalo watetezi wa ndama hulipita haraka: haisemi ni minofu ya mnyama gani. Nguruwe wapo mezani mara mbili, nyama yao baridi mwanzoni na vitoto vyao vilivyoshindiliwa mwishoni, lakini kuhusu lombolos mwandishi alikaa kimya. Sisemi walikuwa nguruwe. Nasema karatasi ile haiwezi kutumika kumfukuza nguruwe kwenye chenga za mkate.

Bologna, kusini mashariki kidogo, nguruwe kaingia kwa mlango mwingine: cotoletta ya huko huvikwa kipande cha prosciutto, paja la nguruwe lililokaushwa kwa chumvi, na jibini ya Parmigiano juu yake. Palermo hawatumii yai kabisa. Hupaka mafuta, hubandika chenga zilizochanganywa na jibini na majani ya kotimiri ya Kizungu, kisha huchoma. Na kila nyumba ya Italia isiyo na fedha ya ndama hununua kuku au mgongo wa nguruwe na kuendelea na maisha.

Schnitzel nalo huburutwa humuhumu. Hilo ni Kijerumani, halihusiani na ubavu. Ni "kipande kilichokatwa". Kwa sheria za Austria, Wiener Schnitzel, yaani schnitzel ya Vienna, ni ya ndama, na mpishi akitumia nguruwe lazima aseme. Tofauti ya jikoni ni hii: Vienna huanza na unga wa ngano, ndipo yai, ndipo chenga, kisha nyama nyembamba huogelea kwenye mafuta mengi mpaka ganda linafura na kuachana na nyama kama shuka iliyoshika upepo. Milano hakuna unga. Yai linashika nyama moja kwa moja, chenga zinabanwa kwa kiganja, na ganda linabaki limegandamana na nyama mpaka mdomoni. Ile hadithi ya Jenerali Radetzky wa Austria kuandika barua kutoka Milano akiwasifia wakubwa wake nyama hiyo husimuliwa kila mahali kuonyesha kwamba Vienna iliiga Milano, lakini barua yenyewe hakuna aliyewahi kuionyesha.

Basi unapotaka kupika nguruwe Kimilano nyumbani, jambo la kupigania ni lile ganda, na adui wa ganda ni maji.

Omba buchani nyama ya mgongo, ile isiyo na mafuta mengi, ikatwe vipande vya unene wa sentimeta moja. Ukipata chenye ubavu wake, bora zaidi. Kaskazini mwa Italia hicho huitwa braciola. Ukikiomba kwa jina hilo Napoli utaletewa nyama iliyokunjwa na kujazwa vitu, kwa hiyo ugonjwa huu wa majina hata wao wanao. Kata kidogo ule ukingo wa mafuta sehemu mbili tatu, la sivyo utajivuta ukiona moto na kipande kitajikunja kama jani kavu. Funika kwa mfuko safi, gonga kwa mchi bila hasira. Kisha kausha nyama kwa kitambaa. Hatua hii wengi huiruka, halafu hulalamika kwamba chenga zimebaki kwenye kikaango.

Chenga Waitaliano huziita pangrattato, na neno hilo nalipenda kwa sababu linasema kila kitu: mkate uliokunwa. Chukua mkate wa juzi uliokauka, ukune kwa kikunio cha karoti kama unavyokuna nazi. Mkate wa leo hautoi chenga, unatoa uji. Usichanganye unga na maji ukaita chenga. Rojo ni rojo, lina utamu wake na majina yake.

Chumvi iache mpaka mwisho. Ukiitia mapema inavuta maji kutoka ndani ya nyama, maji yanalainisha chenga kwa chini, na ganda linabanduka. Chovya kwenye yai, acha la ziada lichuruzike, laza kwenye chenga, bana kwa kiganja pande zote mbili, kisha kaanga bila kuchelewa.

Mafuta ya Milano ni siagi iliyochujwa, burro chiarificato. Siagi ya kawaida ina maji na masalia ya maziwa yanayoungua na kuacha madoa meusi na uchungu. Ukiiyeyusha polepole ukaengua povu na kuacha mashapo, kinachobaki kinahimili moto. Sisi kitu hicho tunakijua tangu utotoni: samli. Jiko la pwani lenye kopo la samli liko karibu na Milano kuliko mkahawa wenye chupa ya mafuta ya olivu na picha ya mnara wa Pisa ukutani. Kama samli ni ghali, changanya na mafuta ya alizeti. Moto uwe wa nyuzi 170 hadi 180. Usipokuwa na kipimo, dondosha chenga moja. Ikizama kimya, subiri. Ikichachamaa mara moja, weka nyama. Dakika tatu kila upande, vipande visibanane. Nguruwe wetu aive mpaka ndani, wekundu uishe kabisa, kwa sababu ya tegu, na kwa unene huo anaiva kabla ganda halijaungua.

Ukitoa, laza kwenye wavu, usirundike, usifunike. Mvuke uliofungiwa kwenye hotipoti unalainisha kwa dakika tano ganda ulilolihangaikia saa nzima. Chumvi sasa, na ndimu mezani. Ambaye hali nguruwe atumie kuku au ng'ombe laini. Namna haibadiliki, na jina la namna pia.

Kijana wa kipaimara, nyama yako ilikuwa nzuri na nilirudi kuongeza. Ile ilikuwa cotoletta ya nguruwe, imekaangwa Kimilano, haina mfupa. Na mama akisema katlesi, ni neno lilelile. Mwambie "Karibu, mama," umuongezee na ndimu.