Mkebe Ukinuka Siki, Usiutupe

Ukifungua mkebe wa filamu ya zamani ukapokewa na harufu ya siki, ujue mkanda umeanza kuoza. Plastiki ya asetati, iliyobeba filamu nyingi za karne ya 20, ikikaa kwenye joto na unyevu hutoa asidi, na asidi hiyohiyo huzidi kuila. Mkanda husinyaa na kupinda hadi usiweze tena kupita kwenye mashine. Hauponi, baridi na ukavu huchelewesha tu. Utenge na mingine, kisha utufikishie sisi wahifadhi wa filamu mapema.

Filamu huru, yaani zilizotengenezwa nje ya kampuni kubwa, ndizo zinazoumia zaidi. Filamu ya kampuni kubwa ina ghala na ina mwenyewe. Ya mtu aliyechangiwa na marafiki, negativu yake, yaani mkanda wa asili uliotoka kwenye kamera, mara nyingi hubaki kwenye maabara iliyoisafisha. Miaka inapita, maabara inafungwa, mtengenezaji amehama au amefariki, na mikebe haina wa kuiulizia. Maabara ya DuArt ya New York ilipoacha kusafisha filamu mwaka 2010, kazi nyingi zilikutwa humo katika hali hiyo, na IndieCollect, shirika la kuokoa filamu huru, likaingia kuwatafuta wenyewe.

Hata mkanda ukiwa mzima, karatasi zinaweza kuufungia ndani. Mtengenezaji filamu wa Marekani, Charles Burnett, alipiga filamu yake Killer of Sheep mwishoni mwa wiki, miaka ya 1970, kwa filamu ya milimita 16, akiwa mwanafunzi wa UCLA, Chuo Kikuu cha California mjini Los Angeles. Haki za nyimbo zilizomo hazikuwa zimelipiwa, hivyo kwa miongo mitatu haikuweza kuonyeshwa kibiashara kwenye kumbi za sinema. Wahifadhi wa chuo hicho waliikarabati, muziki ukalipiwa, na mwaka 2007 ikatoka rasmi. Ndiyo maana tunaomba pia mikataba, barua, risiti na orodha za waigizaji. Familia nyingi hutuletea mikebe baada ya kuchoma makaratasi, na hilo hutuuma sana.

Kwenu mnaotengeneza filamu za makala kuhusu watengenezaji hawa, nina ombi moja. Kazi ya saa moja na nusu hutoka kwenye mahojiano ya saa nyingi, na kwa maoni yangu yaliyokatwa ndiyo hazina. Mzee anapoeleza ni nani aliyemwazima kamera, nani aliigiza bila malipo, na kwa nini mwisho ulibadilishwa, watazamaji wanaweza kuchoka. Mtafiti hana pengine pa kuyapata. Tafadhali kabidhini mahojiano yote, pamoja na majina, tarehe na ridhaa ya maandishi ya waliohojiwa. Msiyaache kwenye diski moja, maana diski nazo hufa, tena bila harufu ya kukuonya. Wekeni nakala tatu, mojawapo mahali pengine kabisa.

Na mkebe ukija mikononi mwako, lebo yake usiibandue hata kama imechakaa. Mwandiko ule wa penseli huenda ndio ushahidi pekee wa jina la filamu.