Ngome ya Lamu haikujengwa na Wareno

Kuna ujumbe unaozunguka kwenye makundi ya simu ukidai kuwa Ngome ya Lamu, ambayo ua wake leo hutumika kwa hafla za utamaduni na muziki, ilijengwa na Wareno. Si kweli.

Ujenzi ulianza mwaka 1813 hivi, baada ya Vita vya Shela ambapo Lamu iliwashinda Pate na Mombasa. Wakihofia kulipiziwa kisasi, wazee wa mji waliomba ulinzi wa Oman. Ngome ikakamilika mwaka 1821 hivi. Baadaye ikawa gereza hadi mwaka 1984, ndiyo maana wakazi wengi wakubwa hawana kumbukumbu za burudani za zamani mle ndani.

Kuhakikisha ni rahisi: linganisha miaka. Wareno waliipoteza Fort Jesus, ngome yao ya Mombasa, mwaka 1698, wakairudia kwa muda mfupi, wakafukuzwa kabisa mwaka 1729. Lamu ilianza kujenga zaidi ya miaka 80 baadaye.

Mkanganyiko unaeleweka, maana Fort Jesus ni ya Wareno kweli, na nguzo ya Vasco da Gama, baharia Mreno, ipo Malindi. Hata hivyo, dai hili linawanyang'anya Walamu historia yao wenyewe. Ukiupata ujumbe huo, tafadhali usiusambaze.